Uzi: Mkabala wa dokumentari ya majaribio kwa chipukizi. Bolex, ndoo, kahawa na magadi

#1 Nyuzi16

Wakuu, salaam.

Kila mara anaingia chipukizi humu anauliza "nipateje mtindo wangu?" na majibu yanayomiminika ni majina ya kamera. Leo tuchukue kazi moja tuifungue kama injini mezani, tuone mkabala unatokea wapi.

Kazi ni ya mfano: dokumentari ya majaribio ya dakika 6 kuhusu kahawa ya robusta ya Kagera, tangu inapoanikwa juani mpaka inapotoka kwenye mashine ya kukobolea. Mkanda wa mm 16, mweusi na mweupe. Kamera ya springi. Mkanda unasafishwa kwa kahawa na magadi. Sauti inarekodiwa peke yake, hakuna mdomo unaoonekana ukisema maneno tunayoyasikia.

Msimamo wangu niuweke wazi mapema ili mnipige mawe vizuri: mkabala ni ile orodha ya vitu ulivyojinyima kabla hujawasha kamera. Na kila ulichojinyima, mada yenyewe iwe imekidai. Ukijinyima kwa sababu tu fulani wa Ulaya alijinyima, hiyo ni nguo ya kuazima.

Angalia Bolex H16, ndiyo kamera yetu ya springi. Ukiizungusha ufunguo mpaka ikakaza, inakwenda sekunde 28 hivi kwa fremu 24 kwa sekunde, kisha inasimama yenyewe. Huna hiari. Riili ya futi 100, yaani mita 30 na ushei, ina fremu 4,000, sawa na dakika 2 na sekunde 47. Riili tano ni dakika 13 na sekunde 53, na hapo toa mkanda unaoungua mwanzoni na mwishoni wakati wa kupakia mwangani. Kwa filamu ya dakika 6 unabaki na uwiano wa mbili kwa moja na kidogo. Maana yake huwezi kupiga "kwa usalama". Mama anayegeuza kahawa kwa reki juu ya turubai atageuza saa nzima. Wewe una sekunde 28. Inabidi usimame umtazame mizunguko kadhaa bila kubonyeza kitu, ujue anapumzika wapi, anahama upande gani, ndipo ufungue. Kule kutazama ndiko kunakoandika filamu.

Jean Rouch, mwongozaji filamu wa Kifaransa, alipitia shule hiyohiyo. Kamera yake ya Bell & Howell ilitaka kufungwa kila sekunde 25 hivi, na Abidjan mwaka 1957 hakuwa na sauti inayokwenda sambamba na picha. Akamkalisha Oumarou Ganda, mhusika wake mkuu, mbele ya picha zilizokwisha kukatwa, aseme anachokiona na anachokumbuka. Kizuizi cha vifaa kikazaa namna ya kusimulia inayoigwa hadi leo na watu wenye kamera zisizo na kizuizi chochote.

Karibuni. Naomba vipimo, tusiishie kwenye nadharia.

#2 BaharaMwanga

Mkuu umeanza vizuri, ila umeruka mwanga, na mwanga wetu ndio unaoua riili nyingi.

Chukua Kodak Double-X 7222. Ni mkanda wa negativu, ISO (wepesi wa kuhisi mwanga) 250 mchana. Ukiisafisha kwa kahawa ihesabu kama 200 mpaka jaribio lako likuambie vingine. Jua kali la saa sita, kanuni ya kawaida ni tundu la lenzi la f/16 kwa 1/200 ya sekunde. Bolex yenye prizma, kile kioo kinachogawa mwanga kwenda kwenye jicho lako, ihesabu kama 1/80 kwa fremu 24, kwa sababu shata yake ni nyembamba na prizma inakula mwanga kiasi. Ukipiga hesabu unafika f/22 na zaidi kidogo, na lenzi nyingi za mm 16 zinaishia hapo. Hata zikifika, picha inalainika kwa tundu dogo hivyo. Weka kichujio cha kijivu cha 0.9, kinapunguza stopu tatu (kila stopu ni nusu ya mwanga), unarudi katikati ya f/8 na f/11. Hapo lenzi inafanya kazi yake.

Makosa matatu ya kila siku:

Kupima turubai badala ya uso. Kahawa inayokauka ni nyeusi, turubai linaakisi, ngozi ya mtu iko katikati. Mita ya kamera ya simu ikiona turubai inakuambia ufunge lenzi, na uso unapotea kizani. Pima usoni, mkanda wa negativu utalivumilia turubai.

Kuondoa jicho kwenye kioo cha kutazamia huku kamera inakwenda. Mwanga unaingia kwa nyuma, unapita kwenye prizma, unatia ukungu kwenye fremu. Bolex ina kifuniko kidogo pale. Kifunge kabla hujainua kichwa.

Kununua Fomapan R100 kwa sababu ya bei halafu kuisafisha kama negativu. Ule ni mkanda wa kugeuzwa, unaotoa picha halisi badala ya negativu, na chini ya emulsheni (tabaka linaloshika picha) una tabaka la fedha la kuzuia mwangwi wa mwanga. Bila hatua ya kublichi tabaka lile linabaki, mkanda wote unatoka mweusi ukadhani umeuunguza.

#3 KitanziCha16

Naongeza kwenye upakiaji. Bolex inajipitishia mkanda yenyewe, na hapo ndipo watu wanapolala. Pakia kivulini, pitisha kama mita moja mlango ukiwa wazi, tazama vitanzi viwili, cha juu na cha chini ya geti, kile kidirisha mkanda unapopita nyuma ya lenzi. Kitanzi kikipotea picha inatoka imevutika kwa wima kama mvua. Na chungulia geti kila unapobadili riili: unywele mmoja pale unakaa kwenye fremu 4,000. Kijiti cha mbao laini kinatosha kuutoa, usitumie bisibisi.

#4 NdooYaBluu

Sasa jikoni. Dawa ya kahawa, kwa lita 1 ya maji:

magadi soda makavu gramu 54,
vitamini C ya unga gramu 16,
kahawa ya kukoroga gramu 40.

Dakika 15 kwa nyuzi 20. Kwa ndoo na riili nzima usishuke chini ya lita 4, kwa hiyo ni gramu 216, 64 na 160. Mkanda lazima uzame wote.

Mpangilio una sababu. Magadi yanaanza, kwa sababu yakiwa makavu yanapasha maji; subiri yapoe. Vitamini C inafuata, itatoa povu, ni gesi ya kaboni tu. Kahawa mwisho. Acha kama dakika 5 viputo vitoke, kisha tumia papo hapo. Dawa hii haihifadhiki. Ya asubuhi jioni ni maji machafu.

Kahawa iwe tupu. Ile ya pakiti yenye maziwa na sukari ni hasara. Africafe ya Bukoba inafaa. Kinachosafisha picha siyo kafeini, ni asidi zilizomo kwenye kahawa, na robusta inazo kwa wingi kuliko arabika. Kwa hiyo hata iliyoondolewa kafeini inafanya kazi, na ile ghali ya arabika tupu ndiyo inayoweza kukupa picha dhaifu. Vitamini C iwe unga mweupe wa dukani kwa dawa, vile vidonge vya ladha ya machungwa viache.

Joto. Kanuni ya mkono ni kupunguza sehemu ya kumi ya muda kwa kila nyuzi inayopanda. Maji yakiwa nyuzi 24 unabaki na dakika 10. Ya Dar yakiwa 29 unafika dakika 6, na kwa ndoo muda huo ni mfupi mno: sehemu iliyozama kwanza inatangulia sana, unapata mabaka. Tia barafu kwenye mfuko wa plastiki uliofungwa, uelee ndani ya ndoo mpaka ishuke. Barafu isiyeyukie kwenye dawa, itaharibu kipimo.

Giza liwe kamili. 7222 inaona rangi zote, taa nyekundu haitakusaidia. Vaa glavu, mimina mkanda wote kwenye ndoo, ugeuzegeuze kama nguo za kufua, pole pole, bila kuacha. Utapata mikwaruzo na alama za mkanda kugusana. Asiyezitaka atafute tangi la kusafishia la Lomo lenye springi za plastiki, linameza mita 15 kwa kila springi.

Baada ya hapo suuza kwa maji matupu mara tatu. Usitie siki. Magadi yakikutana na asidi yanatoa gesi ndani ya emulsheni, unabaki na vitundu kama sindano. Kisha tia kwenye "haipo" (hypo, dawa ya kuidumisha picha), gramu 250 kwa lita. Anza na maji ya moto kiasi, maana haipo inapoyeyuka inapoza maji. Kata kipande cha mkanda mbichi, kitupe mle, hesabu dakika mpaka kiwe angavu, zidisha mara mbili: huo ndio muda wako.

#5 Mtazamaji_Mkavu

Ndugu, yote haya mazuri, lakini niulize swali la kijinga. Mtazamaji ameketi gizani Ngome Kongwe wakati wa ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar. Picha inapita. Atajuaje kuwa mkanda umesafishwa kwa kahawa? Asipojua, hiki ni kichekesho cha kwenye tamko la msanii: "nimesafisha filamu ya kahawa kwa kahawa." Mtoa ruzuku anatabasamu, mambo yanaishia hapo. Mtu angepiga kwa simu angemaliza kwa siku mbili.

#6 Nyuzi16

Mkavu, swali lako si la kijinga hata kidogo, na nusu nakubaliana nalo. Kahawa peke yake haiokoi filamu.

Lakini kuna vitu viwili vinaonekana kwenye kioo. Kwanza dawa hii inaacha doa la kahawia jepesi mkanda mzima, na ukiskani kwa rangi linabaki, wala huhitaji kulitia kwa programu. Pili, na hapa ndipo penye nguvu, ndoo haifanyi kazi sawasawa. Dakika 2 na sekunde 47 za riili moja zina sehemu nene na sehemu nyepesi. Watu wanafuta hizo tofauti wakati wa uhariri ili ionekane safi. Usifute. Kuanika kahawa nako ni kazi ya kutafuta usawa usiopatikana: juu imekauka, chini mbichi, geuza, rudia. Weka shoti ya reki kwenye sehemu ya mkanda yenye mabaka na mtazamaji ataliona bila maelezo.

Tena usiandike kahawa kwenye maelezo ya filamu. Isipoonekana, basi haikuwa na kazi.

Ya simu sikubali. Simu ina mabaka yake, ila mtengenezaji wa simu ameshakufutia kabla hujaomba.

#7 Mtazamaji_Mkavu

Haya. Hilo la kutoandika kwenye maelezo limenishika. Endeleeni.

#8 MizaniJikoni

Naomba nirekebishe jambo kwenye #4 kabla watu hawajaharibu riili. "Magadi soda" dukani ni vitu zaidi ya kimoja.

Kuna soda eshi, kabonati kavu ya sodiamu, kama inayotengenezwa Ziwa Magadi kule Kenya. Hiyo ndiyo gramu 54. Kuna magadi ya mawe ya sokoni, ya kulainishia maharage. Hayo ni trona: kabonati, bikabonati na maji vimeshikana. Ukipima gramu 54 za mawe, dawa inakosa ukali, picha inatoka kijivu dhaifu. Na kuna kostiki, ya kuzibulia mabomba. Hiyo usiiguse kabisa, inachoma ngozi na kulainisha emulsheni mpaka inatoka kama ngozi ya maziwa.

Ukiwa na mawe tu, yageuze. Ponda, tandaza kwenye sufuria ya chuma au bati la chuma, kaanga kwa moto wa wastani ukikoroga. Usitumie sufuria ya aluminiamu, magadi yanaila. Pima kabla, pima tena kila baada ya dakika 15. Trona safi inapoteza karibu theluthi moja ya uzito: gramu 100 zinabaki 70 hivi. Uzito ukiacha kushuka, imekwisha kuwa kabonati. Soda ya kuokea nayo inageuka hivyohivyo kwenye oveni ya nyuzi 200, gramu 100 zinabaki 63.

Mawe yana mchanga na chumvi. Yeyusha, acha yatulie usiku mzima, chuja kwa kitambaa kizito. Mchanga ndio mikwaruzo mingi ambayo watu wanaisifia kuwa ni "urembo wa ndoo".

#9 SikioLaZiwa

Sauti imeachwa kiporo wakati ni nusu ya kazi.

Bolex ina mlio, na springi haishiki mwendo sawasawa kiasi cha kuoanisha midomo. Usijaribu. Zima wazo hilo, utafaidi. Rekodi biti 24, kilohezi 48, kilele kwenye desibeli 12 chini ya sifuri. Kila mahali chukua dakika nzima ya kimya cha pale: uani, ghalani, kando ya ziwa. Usipochukua, kila unapokata maneno sikio litaona shimo.

Mashine ya kukobolea usiirekodi kwa maikrofoni ya hewani peke yake, utapata ngurumo moja isiyo na sura. Chukua diski ya piezo ya mm 27, ile ya vikengele vya bei ya chini, iunganishe waya wenye ngao, uifunge kwenye mwili wa mashine kwa utepe. Utasikia punje zinavyogonga chuma, kitu ambacho sikio haliwezi kukisikia pale. Piezo inataka ingizo la upinzani mkubwa, kama megaomu 1. Ukiichomeka moja kwa moja kwenye ingizo la laini, besi yote inatoweka, inabaki sauti ya kopo. Kisanduku cha kuunganishia gitaa kinatatua.

Mahojiano yafanyike bila kamera chumbani. Wahaya wanamkaribisha mgeni kwa akamwani, ile kahawa iliyochemshwa na majani yenye harufu na kukaushwa, ya kutafuna. Acha mtu atafune kabla ya kujibu. Usikate ule mtafuno. Ndiyo alama bora ya koma utakayoipata kwenye uhariri.

Manukuu nayo: akisema Kihaya, Kiswahili chako chini kiwe kifupi. Neno moja letu linabeba sentensi, lakini ni refu kwa herufi, mstari unajaa haraka. Mistari miwili, basi.

#10 MzeeProjekta

Vijana, mm 16 yenye sauti iliyo pembeni si ngeni katika ardhi hii. Mwaka 1935 hadi 1937 Waingereza waliendesha Bantu Educational Kinema Experiment, jaribio la filamu za kuelimisha Waafrika, makao yake Vugiri, Usambara. Walipiga filamu 35 za mm 16 zisizo na sauti, na maneno yakawekwa kwenye santuri zilizochezwa pembeni ya projekta, Kiswahili kikiwemo. Santuri na picha zikipishana, mhusika anafundisha kilimo kwa maneno ya shoti iliyokwisha kupita.

Naileta hii kwa sababu ya mkabala. Mbinu yenu kwa nje inafanana na ile kabisa: picha bila mdomo, sauti juu yake. Tofauti yote iko kwa nani anashika santuri. Kule sauti ilikuja kumwelekeza aliye kwenye picha. Kwa hiyo, Nyuzi16, kabla hujaifunga filamu, ipeleke kwenye ukuta wa ghala, ioneshe kwa waliopigwa, rekoda ikiwa imewashwa. Wanayoyasema mbele ya picha yao ndiyo sauti yako ya pili. Mwongozaji filamu Trinh T. Minh-ha kwenye kazi yake ya Senegal ya mwaka 1982 alikataa kusema "kuhusu" watu, akataka kusema "karibu nao". Ukuta wa ghala ni karibu vya kutosha.

#11 Nyuzi16

Mzee, shikamoo. Hilo la ukuta linaingia kwenye mpango, na linabadili bajeti ya riili: nne za kwanza, moja ibaki kwa ajili ya siku ya kuonesha.

Mwenye njia ya kuskani bila kutuma nje atusaidie.

#12 KitanziCha16

Kutuma nje kuna hatari yake, hasa mkanda ambao haujasafishwa: mashine mpya za viwanja vya ndege zinazopiga picha kwa mzunguko zinautia ukungu. Omba ukaguzi wa mkono. Ukishasafishwa hauna shida.

Kuskani nyumbani: kamera ya kidijitali, lenzi ya makro ya 1:1 (inayopiga kitu kwa ukubwa wake halisi), taa bapa nyeupe yenye rangi nzuri, na geti la kuupitisha mkanda fremu kwa fremu. Fremu ya mm 16 ina upana wa milimita 10.26. Kwenye kamera ya sensa kubwa ya milimita 36 yenye pikseli 6,000 kwa upana, inachukua pikseli 1,710 tu. Kwenye sensa ndogo ya milimita 23.5 yenye pikseli hizohizo, unapata 2,620. Hapa kamera ya bei ya chini inashinda. Fremu moja kwa sekunde mbili, riili inakula saa 2 na dakika 13. Weka kipimo cha mwanga cha kamera kwa mkono, usiache ijipimie, la sivyo mabaka ya Nyuzi16 yatageuka mmeremeto wa kila fremu na hakuna atakayejua lipi la ndoo na lipi la kamera.

#13 KaraniWaVibali

Fupi tu: bara kibali ni cha Bodi ya Filamu Tanzania, Zanzibar wana mamlaka yao, Kenya nako kuna taratibu zake. Kwenye fomu andika "dokumentari". Neno "majaribio" linaleta maswali yasiyokuwepo. Idhini ya wahusika irekodiwe kwa sauti, kwa lugha yao, na irudiwe baada ya ile siku ya ukutani, kwa kuwa ndipo mtu anapojua hasa ameidhinisha nini.

#14 Chipukizi_BK

Asanteni wakubwa. Maswali mawili. Mkanda unakaushiwa wapi, na ile haipo iliyotumika inamwagwa wapi?

#15 NdooYaBluu

Bafuni. Fungulia maji ya moto dakika chache au mwaga ndoo ya maji sakafuni, mvuke ukishuka unashuka na vumbi, kisha funga dirisha ndipo utundike. Tone moja la sabuni ya vyombo kwenye maji ya mwisho, matone yasiache duara. Kamba zivuke juu juu, mkanda usigusane, upande unaong'aa uwe ndio unaolala kwenye kamba. Mjusi na kombamwiko wanapenda jelatini mbichi, kwa hiyo ziba chini ya mlango kwa taulo. Kwenye ukanda wenye unyevu, uache mkanda usiku mzima kabla hujauzungusha kwenye riili, ukiuwahi unashikana na kuota ukungu.

Haipo iliyotumika ina fedha ndani yake, usimwage mtaroni wala kwenye choo cha shimo. Weka kwenye ndoo ya plastiki na zile nyuzi za chuma za kusugulia sufuria, iache siku kadhaa. Chuma kinayeyuka, fedha inatuama chini kama tope jeusi. Tope likusanye kwenye chupa. Glavu uvae muda wote huo.